Magoti ya Benchi la Nyuma

Mimi nina hasira za karibu. Nalisema mwanzoni kabisa ili lisije likaonekana baadaye kama jambo nililolificha. Nilizaliwa nazo kule Binza, Maswa, katika nyumba ambayo mtu akichelewa kula alikuta sufuria imeshaoshwa, nikaenda nazo Bariadi nilipopata kazi ya karani wa kumbukumbu katika hospitali moja ya huko. Asubuhi nilikaa dirishani kuandikisha wagonjwa. Mchana niligeuza maneno ya matabibu yawe namba.

Watu wengi hawajui kwamba ugonjwa una namba. Tabibu anaandika kwenye kadi kwamba mtu ana malaria, au anaharisha, au amevunjika mkono, halafu mtu kama mimi anafungua kitabu kinene, anatafuta mstari unaohusika, anaandika herufi na tarakimu pembeni mwa kadi. Vijana wa siku hizi wanaita misimbo. Sisi tulisema namba tu. Mkoa wa Simiyu ulikuwa haujazaliwa, karatasi zetu zilikwenda Shinyanga, na huko ndiko nilikopelekwa semina ya wiki moja kujifunza kitabu kipya baada ya kile cha zamani kuachwa. Nilirudi nikiwa mtu pekee hospitalini anayekielewa. Nilitembea nacho kwapani hata nikienda kunywa chai. Jamani, nilijisikia!

Goti peke yake lilikuwa na ukurasa mzima. S themanini na tatu, nukta sifuri, ni pia ya goti, ile kofia yake ya mbele, kuhama. Nukta moja ni goti lenyewe kutoka, yaani mfupa wa paja na mfupa wa muundi kuachana, kano zinazoshikilia zikakatika. Hiyo ni ajali kubwa. Halafu mbali kabisa, huko kwenye herufi M, kuna ishirini na tano nukta tano, ambayo ni maumivu ya kiungo, basi, hakuna zaidi. Mwalimu wa semina alitukazia jambo moja: goti lililotoka likarudishwa bado ni goti lililotoka. Namba inafuata kilichompata mtu, haifuati unachokiona leo mezani. Nililiandika hilo kwa wino mwekundu kwenye jalada la ndani.

Hiyo ilikuwa miaka ambayo biashara ya pamba ilifunguliwa. Zamani mkulima wa Dutwa alikuwa na mizani moja ya kupeleka pamba yake, ya chama cha ushirika, na alisubiri hapo mpaka achoke. Sasa zikaja kampuni binafsi, kila moja na mizani yake na lori lake, na kila moja ikitaka kuondoka kabla ya mwenzake. Malori yalijazwa pamba mpaka juu ya bodi, na ili iingie nyingi waliajiriwa watu wa kupanda juu na kuishindilia kwa miguu. Wengi walikuwa wanawake na vijana. Wanakanyaga, wanaimba, dereva anapiga honi, na mtu akiteleza kati ya pamba na bodi, mguu unabaki juu na mwili unakwenda chini. Baiskeli mpya nazo zilijaa barabarani. Hospitalini kwetu tuliona viungo vilivyoumia kuliko miaka yote ya nyuma, na mwaka uleule tukaambiwa mgonjwa achangie matibabu.

Ndipo watu wakazidi kupitia kwanza kwa wanyoosha mifupa. Walikuwepo tangu zamani, lakini sasa naona kila aliyeumia alianzia huko. Anafika kwetu siku ya tatu, mguu umefungwa magome ya mti, unanuka mafuta, na tabibu hawezi kujua mfupa ulikuwaje kabla ya kuvutwa. Ilinichefua. Nikaanza kuuliza kila aliyekuja dirishani amevimba: "Mmepitia wapi?" Nilikuwa siulizi kwa upole. Aliyekiri kwamba amepitia kwa mnyoosha mifupa nilimwonyesha benchi la nyuma kabisa, lile lililokuwa karibu na mlango wa choo, na nesi alijua kwamba benchi hilo huitwa la mwisho, baada ya watu wote kwisha. Hakuna aliyenituma. Niliibuni mwenyewe sheria hiyo, na mganga mfawidhi, mkuu wa hospitali yetu, alicheka mara ya kwanza kisha akazoea.

Baada ya miezi michache benchi la nyuma likawa tupu. Nilijipongeza. Nilisema, haya, watu wameelimika.

Siku moja katikati ya msimu wa kuuza pamba alikuja mama mmoja wa Dutwa, umri wake kama miaka ishirini na saba hivi, ameletwa kwenye keria ya baiskeli na wifi yake. Goti la kulia lilikuwa limevimba, limezungushiwa khanga. Alinisalimu kwa Kisukuma, "Mwangaluka," akijishika kwenye ukingo wa dirisha, jasho linamtoka usoni ingawa bado kulikuwa na baridi. Nikauliza swali langu.

"Mmepitia wapi?"

Wifi ndiye aliyejibu. "Hatujapita popote, dada. Tumetoka nyumbani moja kwa moja. Goti linamuuma tangu palizi."

Palizi ni mwanzoni mwa mwaka, na hapa tulikuwa tunauza pamba. Miezi mitano mizima! Nikamtazama yule mama, naye akatikisa kichwa kukubali. Kulikuwa na harufu ya mafuta, naikumbuka vizuri sana, mafuta ya nyonyo. Lakini mafuta kila mtu anapaka. Nilifurahi kwamba angalau hawa walikuja kwetu kwanza, nikawaweka benchi la mbele kama zawadi. "Wabeja," alisema yule mama, maana yake asante, akaenda akirukaruka kwa mguu mmoja.

Tabibu aliyekuwa zamu alisikia hadithi ileile ya palizi. Alikuwa na foleni ndefu. Aliligusa goti, akaliona limekaa mahali pake, akaandika: maumivu ya goti ya muda mrefu, uvimbe. Akampa vidonge na dawa ya kuchua. Mchana kadi ikaja mezani kwangu, nami nikaandika M ishirini na tano nukta tano, nikaitia kwenye droo ya maumivu ya viungo, pamoja na kadi za wazee.

Kama wiki mbili baadaye ilikuja barua kutoka Mwanza. Daktari bingwa wa mifupa alikuwa anazungukia hospitali za wilaya, siku moja kila mahali, na kwetu angefika Alhamisi fulani. Hakutaka kukuta umati usio na mpango. Aliandika orodha ya namba anazozitaka, ili makarani tutoe kadi kwenye droo na kuwaita wenyewe. Ya kwanza kwenye orodha ilikuwa S themanini na tatu nukta moja, na chini yake alipiga mstari: wale ambao hawajatimiza wiki sita tangu waumie. Wiki sita zikipita, alisema, kano zinakuwa zimeshajishikia ovyo na yeye hana la kufanya.

Nilifungua droo ya hiyo namba. Ilikuwa tupu. Nikajibu barua kwa mwandiko wangu mzuri kabisa: hakuna.

Jibu lilirudi kwa basi la kesho yake. Lilikuwa fupi. Wilaya yenye malori yale, baiskeli zile na maksai wale, haiwezi kukosa goti hata moja lililotoka. Karani atazame tena.

Ebo! Nilikasirika mpaka masikio yakawa moto. Nilimpelekea mganga mfawidhi ile barua nikitegemea atanitetea. Aliisoma mara mbili, akavua miwani.

"Droo yako ni sahihi?"

"Sahihi kabisa, mzee. Hata mara hamsini unaweza kuhesabu."

"Basi kama droo ni sahihi, magoti yako wapi?" akauliza. "Kesho nenda Dutwa, kamwone mama mmoja wa huko anayenyoosha mifupa. Mwulize yeye."

Niende mimi kwa mnyoosha mifupa! Nilipanda basi huku nimenuna, kitabu changu mapajani, nikiwa nimeshapanga maneno ya kumpasulia.

Nilidhani nitamkuta bibi mwenye hirizi. Nilimkuta mwanamke wa rika langu, anapepeta ufuta, kilemba kimekaa upande, ambaye hakusimama nilipofika. Alinionyesha kigoda kwa kidevu. Kabla sijafungua mdomo niliona juu, kwenye fito za paa, vishada vya kamba za katani vimening'inia, vimefungwa mafungumafungu.

"Zile ni nini?"

"Za kupimia." Akaweka ungo chini. Alieleza bila maringo kwamba mtu akija anampima kwa kamba kiungo kizima na kiungo kibovu, anapiga fundo mahali palipotofautiana, anaitunza. Akirudi anapimwa tena, wanaona kama uvimbe unashuka. Akainuka akaanza kunionyesha. "Hizi za viwiko. Hizi vifundo vya miguu. Hapa ni magoti, lakini fungu hili ni yale ya kofia tu, kofia ya goti imekimbilia pembeni, hayo ni mepesi. Fungu hili ni goti lenyewe. Haya ninayaogopa."

Alikuwa ametenga nukta sifuri na nukta moja, kama kitabu changu kilivyotenga, na hakuwa amekwenda Shinyanga. Nikamwomba anihesabie lile fungu la mwisho kwa msimu ule. Zilikuwa kamba tisa.

"Na hawa tisa hukuwatuma hospitali?" Nilisikia sauti yangu inapanda. "Unakaa nao hapa mpaka miguu ioze?"

Akanitazama taratibu, kwa namna ambayo mtu humtazama ng'ombe aliyeingia shambani. "Wewe ndiye yule dada wa dirishani."

"Ndimi."

"Nawatuma wote. Nikishanyoosha nawaambia, nendeni mkapigwe picha, mimi sioni ndani. Wananiuliza, yule dada yupo? Nasema yupo. Basi wanaanza kulia, hawataki benchi la chooni. Ikabidi niwafundishe cha kusema. Nikawaambia, waambieni linauma tangu palizi."

Hakulisema kwa ukali. Alirudi kwenye ungo wake. Mimi nilibaki nimeshika kitabu, na aibu niliyoisikia sikuwahi kuisikia kabla ya siku hiyo wala baadaye. Wote tisa walikuwa wamepita dirishani kwangu. Wote nilikuwa nimewaketisha benchi la mbele kwa kuwa walisema uongo, nikawapa M ishirini na tano nukta tano kwa mkono wangu mwenyewe.

Akanitajia kamba moja moja ni ya nani na anakaa wapi. Kamba ya pili ilikuwa ya yule mama wa baiskeli. Aliteleza kwenye lori la pamba, wiki nne na siku kadhaa zilizopita. Nyumba yake ilikuwa nyuma ya ghala la pamba, hatua chache tu, nikaenda.

Nilimkuta ameketi chini anachambua mchicha, mguu ameunyoosha mbele. Aliponiona alitaka kuinuka, na nikaliona lile goti likirudi nyuma, upande ambao goti halikunjiki. Fimbo ilimwokoa. Nikamsalimu kwa Kisukuma kama mama yangu, "Mwadila, mayu, kaa tu, kaa." Nikaketi chini mimi pia, kwenye vumbi, na gauni langu la kazini.

"Niambie ukweli," nikasema. "Lilitoka, siyo?"

"Hapana, dada. Linauma tangu palizi."

"Nimetoka kwa mama mnyoosha mifupa. Amenionyesha kamba yako."

"Linauma tangu palizi," akarudia, macho kwenye mchicha. Watoto wake wawili walikuwa wamesimama mlangoni wananitazama. Nilitaka kumfokea. Kweli kabisa, hata hapo nilitaka kumfokea, maneno yalikuwa yameshafika mdomoni. Nikayameza. Nikamwuliza swali ambalo sikuwahi kumwuliza mgonjwa hata mmoja.

"Ulisikia nini ulipoteleza?"

"Lililia ko," akasema. "Nikatazama mguu, unyayo unaangalia kule." Akaonyesha pembeni, kwenye ghala. "Nikadhani ni mguu wa mtu mwingine." Halafu akaniuliza kama ataweza kulima mwaka huu, maana mume wake yuko Geita anatafuta dhahabu na shamba lote liko juu yake.

Nikamwambia kwamba daktari wa mifupa anakuja Alhamisi, na akimwona kabla wiki sita hazijaisha anaweza kulifunga goti likashika. Nilimwambia afike asubuhi. Nilimwambia aje na ile kadi ndogo aliyobaki nayo nyumbani, asipake mafuta, na amweleze daktari kila kitu kama alivyonieleza mimi. Alirudia yote baada yangu, neno kwa neno, ili nijue ameshika. Nilizunguka siku mbili na baiskeli ya kukodi nikiwatafuta wale wengine, nikawaambia hivyohivyo.

Alhamisi ilipofika, watu walikuwa wengi kuliko mahali. Habari za daktari bingwa zilisambaa, kila mwenye mfupa uliopinda alitoka alikotoka, wengine kutoka mbali kama Kiloleli. Yule daktari alikuwa mtu wa haraka na mpole, alikunja mikono ya shati na kuanza. Mganga mfawidhi aliagiza kadi zote tisa zisahihishwe siku hiyohiyo, wagonjwa waitwe bila kuzisubiri, yeye mwenyewe akaandika upya maelezo ya ugonjwa kwa kila moja na kutia sahihi, na mimi nikajifungia nyuma ya dirisha langu kubadilisha namba. Niliondoa M, nikaandika S. Nilifanya kwa uangalifu mkubwa. Kila kadi niliiandika upya yote, kwa wino mweusi, sikutaka hata doa, kisha nikahamisha majina kwenye daftari, kisha nikarekebisha taarifa za miezi iliyopita. Kazi hiyo ilinituliza. Mara mbili niliinua kichwa na kuona watu bado wamejaa, nikainamisha tena.

Daktari alipaswa kufika Mwanza kabla ya giza. Saa tisa alasiri nilisikia gari linawashwa. Nilikuwa nimemaliza, nikatoka nje na kadi mkononi kumwuliza nesi magoti yalikwendaje.

"Ameona saba," nesi akasema. "Wawili hakuwafikia."

"Kwa nini? Ndio waliokuwa wa kwanza kwenye orodha!"

Nesi akanishangaa. "Nimeita kama siku zote. Benchi la mbele kwanza."

Nikageuka. Kwenye benchi la nyuma, karibu na mlango wa choo, walikuwa wamekaa watu wawili. Mmoja alikuwa mwanamume wa makamo, amelala usingizi. Mwingine alikuwa mama wa Dutwa, ameketi pembeni kabisa, kadi yake ndogo mapajani, goti safi, halina mafuta. Nesi aliniambia kwamba wote tisa walikaa pale tangu asubuhi. Hakuna aliyewaelekeza. Mama wa Dutwa ndiye aliyefika wa kwanza, kabla jua halijachomoza, na kila mwenzake alipokuja alijisogeza mwishoni kumpisha.

Nilikimbia mpaka barabarani. Vumbi la gari lilikuwa limeshatua.

Mganga mfawidhi aliwaandikia wote wawili rufaa ya Mwanza palepale, na nikawapa nauli ya kwenda. Yule mama hakwenda. Wifi yake alijifungua wiki ileile, hakukuwa na wa kubaki na watoto, na pamba iliyobaki shambani ilikuwa inaanguka. Wiki sita zilikwisha. Wengi wa wale saba waliofungwa plasta walirudi kulima. Yeye mwaka uliofuata alipalilia amekaa chini, akijisogeza kwa makalio mstari hadi mstari, na fimbo hajaiacha mpaka leo.

Benchi nililitoa siku hiyohiyo. Nilikaa dirishani miaka mingi baadaye na kuuliza watu walisikia nini. Hasira zangu ninazo bado.

Baada ya muda mrefu, nikiwa nimeshastaafu, nilikutana na yule mama wa fimbo Dutwa sokoni, anauza ufuta. Alinisalimu kwa furaha, akanifutia kigoda. Tuliongea habari za watoto. Nikapiga moyo konde, nikamwuliza jambo lililokuwa limenikaa kooni: siku ile, alipoona wengine wanaitwa na saa zinakwenda, kwa nini hakuja dirishani kuniambia?

"Nilikuja," akasema. "Mara mbili nilijikokota mpaka pale. Nikakuona umeinama unaandika, nikasema nisikusumbue."

Nilikuwa naandika kadi yake.